Kiputo Kitupu cha Mitsue Karasawa

Saa mbili asubuhi, mjini Ageo, Japani, Mitsue Karasawa anamwomba baba yake akunje ngumi. Mzee Tokuji, fundi mstaafu wa vigae mwenye miaka 81, anaiweka ngumi mezani kando ya bakuli la wali. Binti anaichora, mshipa kwa mshipa.

“Umekinenepesha kidole gumba,” mzee analalamika, “na wali wenyewe unanipimia.”

“Tulia, baba. Sasa ufungue mkono.”

Anaufungua polepole.

Mitsue, 52, huchora manga za watu wazima: hadithi za picha kuhusu ndoa, ulevi na majuto. Jarida humlipa yeni 13,000 kwa ukurasa, kurasa kumi na sita kila wiki mbili, na humo hutoa ujira wa msaidizi. Kwa miaka tisa amemchora fundi mmoja aliyempiga mwanawe kwa rula ya mbao. Fundi huyo amezeeka, ameacha pombe, amejifunza kunyamaza.

Rula hiyo Mitsue hakuibuni. Ana kovu juu ya sikio.

Nyumbani jambo hilo halijawahi kutajwa. Mzee hununua jarida dukani, akalisoma peke yake, akalifungia kabatini.

Sasa hadithi inafikia mwisho. Kura za wasomaji, zinazotumwa kwa kadi za posta zinazobanwa ndani ya jarida, zimeshuka. Mhariri, Onodera, anataka mwana amsamehe baba.

“Mwalimu, wasomaji wamechoka kuumia,” alimwambia, kwa jina la heshima wanaloitwa wachoraji. “Waache walie kidogo, wakalale.”

Wiki iliyopita alimletea bahasha ya kadi. Moja haikuwa na jina, lakini Mitsue aliujua mwandiko. Ndio ambao baba aliandikia jina lake kwenye mwavuli wake wa shule.

Kadi ilisema: “Mwana asimsamehe. Baba hajaomba.”



Ukurasa wa mwisho uko tayari: baba na mwana mezani, na nafasi ya ule mkono uliofunguka. Juu ya kichwa cha baba kuna kiputo cha maneno, kitupu. Tangu juzi Mitsue ameuacha ukurasa huo pale mzee anapokula, na kalamu juu yake.

Leo ni Jumatano. Kiputo bado kitupu, ila kalamu imevuliwa kifuniko na ncha yake imekauka.

Mitsue anaweka kalamu nyingine.

“Nina hadi Ijumaa kuukabidhi ukurasa,” anasema. “Baba akiandika, nitajua mwana ajibu nini. Asipoandika, watauchapisha hivyo hivyo, kiputo kitupu.”