Picha Nilizomchorea Mama

Boti nyingi za mwalo wa Kibirizi zimepakwa rangi na mkono huu. Simba, tai, maua, yote yangu. Shule niliishia darasa la nne, lakini leo nina nyumba ya vigae Katubuka, na hakuna aliyenibeba.

Kiharusi kilipomnyang'anya mama sauti, nilimtoa Ujiji nikamleta kwangu. Nikampa chumba chake, kitanda cha mninga, meza yake na sahani yake. Hospitali walitupa karatasi ya picha ili aonyeshe anachotaka. Mkate, uma, choo cha kukalia! Mama aliitazama kama picha ya harusi ya watu asiowajua. Chakula nacho akawa anakisukuma. Alikonda hadi pete ikamchomoka kidoleni.

"Atatufia na njaa huyu," dada yangu aliniambia. Alikuwa ametoka Simbo kuja kumuuguza.

Nikakata vipande vya plaiwudi, nikafungua rangi zangu za boti, nikachora vitu vya kwetu: samaki mgebuka, ugali wa muhogo, birika la udhu, mkeka, na sura zetu. Hospitali nzima haina picha kama zile.

Mke wangu akacheka. "Baba watoto, mbona umejichora kitambi chote hicho?"

"Nimechora ukweli."

Mama akashika picha ya ugali. Tukamletea, akafunga mdomo. Akashika mkeka. Tukadhani anataka kulala chini, tukamteremsha, akanichapa mkono! Kisha akapanga mwenyewe: mkeka katikati, ugali juu yake, halafu sura zetu akazizungushia pembeni, moja moja.

Dada akaruka. "Wifi, anataka sinia! Anataka kula na sisi!"

Kumbe ndiyo hiyo. Mama hajawahi kula peke yake maisha yake yote, na mimi nilikuwa namwandalia kama mgeni wa serikali, nikidhani ndiyo heshima.

Mchana huohuo tulitandika mkeka sebuleni, tukaweka sinia moja. Nikamkalisha, mgongo wake kifuani kwangu. Mkono wa kulia ulikuwa umekufa ganzi, akamega kwa kushoto, na hakuna aliyemkanya. Akala. Akamega tena. Halafu akapeleka vidole upande wangu, akaninyang'anya kichwa cha mgebuka nilichokuwa nimejiwekea.

Sijawahi kupokonywa kitu nikajiona tajiri namna ile.