Baba Aliyevaa Leso

Leo sokoni Homa Bay mzee mmoja amefungua kikopo cha ugoro karibu nami, na harufu ile ikanirudisha nyumbani Ntimaru, kwa baba yangu aliyependa ugoro.

Baba yangu alikuwa mwanamke. Alikuwa mjane asiye na mtoto, akatoa ng'ombe wake kumwoa mama kwa desturi ya Wakuria, ili boma la marehemu mumewe lisife. Sisi watoto tulizaliwa kwa jina lake, na tulimwita baba.

Siku moja shule iliwaita akina baba waje kuinua paa la darasa. Yeye alifika mapema, leso kiunoni, panga mkononi. Mwalimu wetu, mgeni kutoka upande wa ziwa, akamwambia kwa heshima, "Mama, wenzako wako kule jikoni."

"Najua, mwalimu. Lakini mimi nimeitwa kama baba."

Watoto wa askari wa kituo, wageni kama mwalimu, wakacheka. Mwalimu akanigeukia. "Baba yako ni nani?"

Nilijua kwamba nikinyamaza baba atarudi nyumbani peke yake.

"Ni huyu," nikasema. Mpaka leo nashukuru kwamba sauti ilitoka.

Mwalimu akatutazama, kisha akainama kushika ncha ya boriti. "Basi baba, shika huko nyuma tuinue."

Akashika, mishipa ya shingo ikamtoka, na boriti ikapanda.

Mchana wanaume walipokaa kula, walimsogezea kiti. Akaniita, akanimegea kipande chake cha nyama.

"Kula, mwanangu," akasema. "Leo wewe ndiye uliyenizaa."