Alichosema Mtu wa Lori

Sisi tuliorudi Juba kutoka Uganda tulitambuana kwa Kiswahili chetu cha ovyo. Ukimsikia mtu anasema "mimi iko", basi huyo ni wa kwetu, muulize habari za waliobaki. Mimi nilimuulizia kaka yangu. Mama alikuwa bado anamtengea chakula kila jioni, hadi nikawa nakasirika: sahani ya nani hiyo, ya mzimu? Hakunisikia. Bomu lililotutenganisha na kaka wakati wa vita lilimziba masikio, akabaki kusoma midomo ya watu.

Siku moja hawaja mmoja, mzungu mwenye kamera, akanikuta sokoni. Alitaka kupiga sinema fupi mno: msafiri anashuka kwenye lori, mwanamke, yaani mimi, anampa maji, wanaagana, imekwisha. Kamera yake haikunasa sauti. "Semeni lolote," alituambia, "midomo icheze tu."

Lolote? Msafiri alikuwa abiria wa kweli, lori lake limesimama kidogo. Akapokea kikombe, akasema, "Asante, dada. Mimi iko na kiu sana." Kumbe wa kwetu! Nikamuuliza palepale: kaka yangu, fundi cherehani, anachechemea mguu wa kushoto, unamjua? Yuko hai?

Akaacha kunywa, akanitazama. Alipofungua mdomo tu, dereva yule mshenzi akawasha lori. Sikuambulia hata neno. "Nini?" nikapiga kelele. Akadandia huku bado anaongea, likaondoka. Hawaja akanipigia makofi, eti nimeigiza vizuri sana. Nilitamani kumrushia kile kikombe.

Miezi mizima nilijiuliza: alisema ndiyo, au alisema pole? Mama naye alinisumbua nimwonyeshe ule mdomo ulivyokwenda. Ningeuweza wapi?

Hawaja aliporudi na sinema yake akatundika shuka ukutani, tukajaa. Lori lile, maji yale, na mimi nahangaika, watu wakacheka. Msafiri akageuka, uso wote kwetu, midomo ikacheza.

Mama akasimama. Yeye hakujua tena kupima sauti yake, hata waliokuwa barabarani walimsikia.

"Iko hai! Anasema iko hai! Anasema hataki kurudi, maana mama yake ilikufa na bomu!" Akanigeukia, machozi yanamtiririka. "Mimi huyu, nimekufa?"

Asubuhi niliamka nikamkuta ameshaifunga ile sahani kwenye kitambaa. Akaniuliza lori la Uganda linaondokea wapi.