Kanda ya Mama Kulwa

Ipo siku moja, mwanangu, Jumapili mchana, jua limewaka hasa, ambayo naikumbuka kila nikisikia kicheko cha namna fulani. Jana nimekisikia kibarazani kwangu. Mlikuwa watano mmeinamia simu moja, mnatazama picha ya Kitanzania, hizo mnazoita filamu. Mama wa watu analia kwenye picha, na wewe ndiye uliyekuwa unamwekea sauti, "Uwii, uwii, mume wangu ee," wenzako wanashika mbavu. Nikapita nikaingia ndani, hata shikamoo zenu sikuitikia. Nasikia ulimuuliza mama yako kama naumwa. Siumwi. Nina hasira, na leo utakaa hapo kwenye kigoda unisikilize mpaka nimalize. Na hiyo simu, izime.

Usidhani hasira zote ni juu yako. Nyingi ni juu yangu mwenyewe, nimekaa nazo tangu miaka ya tisini, na sijapata mtu wa kumkabidhi.

Wakati huo nilikuwa kijana machimboni, upande wa Geita. Dhahabu ilikuwa imeonekana porini, na kabla hata mvua hazijarudi pori likawa mji wa maturubai: wauza uji, wauza nguo, mafundi cherehani, wahubiri, wezi, wote wamo. Mimi nilikwenda kuchimba. Duara likanishinda. Nyie mnaita shimo. Sisi tuliita duara, na mtu aliteremka kwa kamba mpaka huko chini ambako hewa yenyewe ni ya kubahatisha. Niliteremka mara mbili. Ya tatu kifua kikanibana, nikavutwa juu nalia kama mtoto, na watu wazima wakanicheka. Ndipo nikaangukia kwenye kibanda cha video cha Bosi Ndaki.

Kilikuwa kibanda cha miti, kimezungushiwa maturubai meusi ili mchana uwe giza, mabenchi ya mabanzi, televisheni moja, deki moja ya kuchezea kanda, na jenereta nje inapiga kelele kuliko picha yenyewe. Wachimbaji waliingia wakitoka zamu, vumbi mpaka kwenye kope. Walitazama picha za kareti, za Kihindi, za Wazungu wanaopigana mabunduki. Lugha hawaijui. Kazi yangu ilikuwa kusimama kando ya televisheni na fimbo mkononi nikiwafasiria. Waliniita Redio, maana nikiwashwa sizimiki.

Na mimi hizo lugha nilizijua? Thubutu! Kichina sikijui, Kihindi sikijui, Kiingereza changu kiliishia darasa la saba. Nilikuwa natunga tu. Steringi, yule shujaa wa picha, akifungua mdomo, mimi nasema anatoka Bariadi anatafuta ng'ombe wa baba yake walioibwa. Adui naye namfanya karani wa pamba aliyewapunja watu kwenye mizani. Nachanganya Kiswahili na Kisukuma, natia matusi kidogo ya pale pale machimboni, kibanda kinatikisika. Kuna watu walikuwa hawaji kutazama picha, wanakuja kunisikiliza mimi. Nilivimba kichwa, mwanangu. Kofia ilinibana.

Sasa elewa na biashara yenyewe ilivyokuwa, maana hata nyinyi mnaiendeleza na hamjui. Bosi Ndaki alikuwa ananunua kanda iliyonakiliwa kutoka kwenye kanda iliyonakiliwa, watu wanatembea humo ndani kama wapo kwenye mvua. Akishailipia mara moja basi, anaionyesha mpaka utepe unakatika, kiingilio chote chake. Mchina aliyeicheza hiyo picha hajui kama kuna Geita duniani, hatakuja kudai. Sasa akitokea mtu wa hapa hapa, aliyetengeneza picha yake kwa jasho lake, akasema tugawane kiingilio nusu kwa nusu, wenye vibanda wanamwona mwizi. Ndiyo! Yeye ndiye mwizi!

Mtu huyo akatokea. Aliitwa Mama Kulwa, wa Nyahanga, pale Kahama. Alikuwa na mashine ya kusaga nafaka, ndiyo iliyosomesha mapacha wake. Akaiuza. Akaenda Shinyanga mjini kwa mpiga picha mmoja, Bwana Karim, mwenye studio ya baba yake, aliyekuwa akirekodi harusi kwa kamera kubwa ya kubeba begani. Akamkodi. Waigizaji akawatoa kwenye kwaya ya kanisani kwao na kwenye soko la mitumba. Wakatengeneza picha ya mchimbaji aliyefukiwa na duara, na mjane aliyebaki. Kiswahili chetu, Kisukuma chetu, maturubai yetu. Kanda nne tu alizokuwa nazo, kazifunga kwenye kanga, na ya kwanza akaileta kwetu.

Alikuja na mwanamke mwingine, mkimya, amejitanda kitenge mpaka puani. Sikuona haja ya kumuuliza jina.

Bosi Ndaki alizunguka zunguka, mwisho akakubali, kwa sharti. "Nakupa Jumapili, Jumatatu na Jumanne. Siku tatu zikienda vizuri, nitawaandikia wenzangu wa Geita mjini, Chato na Kahama waichukue kwa nusu kwa nusu. Zikienda vibaya, usinisumbue tena." Mama Kulwa akashukuru kwa magoti. Halafu akanigeukia mimi, kwa adabu kabisa, mtu mkubwa kwangu, akasema, "Baba, hii haina haja ya kufasiriwa. Inaongea yenyewe. Nakuomba leo upumzike."

Unajua nilisikia nini? Nilisikia kwamba kazi yangu imekwisha. Picha ikishaweza kuongea yenyewe, Redio ni wa nini? Nirudi kwenye duara? Niliitikia kwa mdomo, moyoni nimenuna.

Jumapili ile kibanda kilijaa mpaka wengine wakasimama. Wale akina mama wawili walikaa benchi la nyuma. Picha ikaanza, nami nikakaa kimya pembeni, mikono kwapani. Na watu walikuwa kimya, mwanangu! Sijawahi kuona wachimbaji wamekaa kimya vile. Wanaona kamba wanayoijua, wanaona sururu, wanasikia mtu anasalimiwa "mwangaluka" kama anavyosalimiwa nyumbani. Mzee mmoja mbele yangu alivua kofia.

Sauti ya kanda haikuwa nzuri, hilo kweli. Jenereta ilikuwa inaimeza. Duara likaporomoka, mjane akaletewa habari, akaanguka chini akaanza kulia, maneno yake kwa Kisukuma, husikii vizuri. Hapo kijana mmoja akapaza sauti, "Redio! Umekufa? Tufasirie!"

Ningesema hapana. Ningesema tulieni msikilize. Neno moja tu, nisingekuwa nakusimulia haya leo. Nilisimama nikachukua fimbo yangu.

Nikambania sauti puani. Nikasema mjane analia kwa sababu mume kafukiwa na deni la pombe, nani atalipa. Kicheko kikapasuka. Nikasema anajigaragaza hivyo ili apate mume mwingine kabla ya matanga kwisha. Wakapiga mabenchi. Kila yule mama alipofungua kinywa, mimi nikawahi. Nikageuka kuwatazama watazamaji wangu, nione raha yangu, macho yakatua benchi la nyuma. Yule mkimya kitenge kilikuwa kimemteleza usoni. Alikuwa yeye. Ndiye aliyekuwa kwenye picha. Nilimwona, nikamtambua, ananitazama.

Na sikunyamaza. Hapo ndipo hasira yangu ilipo, hapo! Ningekuwa sijui, ningejisamehe. Nilijua, nikaongeza sauti, kwa sababu watu wanacheka na wanacheka kwa ajili yangu. Yule mama akainuka akatoka. Picha ikaenda hivyo hivyo mpaka mwisho, na mwisho wake nao nikauongelea juu.

Watu walipotoka, Bosi Ndaki alikuwa anacheka peke yake kwa furaha. Akamwambia Mama Kulwa kesho watajaa mara mbili, mradi Redio afasiri. Mama Kulwa akasema, "Toa kanda yangu." Bosi akashangaa. Fedha hii hapa, nusu yako hii hapa, mama una nini? "Toa kanda yangu."

Alipoipata akanijia. Nilitegemea matusi, matusi nilikuwa nayajua, ningemrudishia. Hakutukana. Alisema hivi, polepole, kama anayemfundisha mtoto njia ya kisimani:

"Yule ni mdogo wangu, Tabitha. Hakuwa anaigiza. Mumewe alifukiwa machimbo haya haya, upande ule wa mlima, na hakutolewa. Kwetu hatukupata mwili wa kuzika wala kaburi la kulilia. Nikamwambia, mlilie mumeo kwenye picha, halafu picha tuipeleke huko alikobaki, wenzake wamsikie mkewe. Alikubali kulia mara moja tu. Sasa huyo mumewe umemsikizisha nini, baba?"

Redio nzima, mwanangu, nikaweka fimbo chini.

Waliondoka jioni ile ile kwa lori la mbao. Na Bosi Ndaki aliandika kweli kwa wenzake, lakini aliandika kwamba ile picha haisimami bila mkalimani, ni ya kuchekesha, na mwenyewe ni mkorofi. Basi. Geita hawakuitaka, Chato hawakuitaka, Kahama kwao mwenyewe hawakuitaka. Sisi tukarudi kwa Wachina wetu wa kwenye mvua. Siku hizi nawasikia watu wazima na tai zao wakiuliza kwa nini picha zetu haziendi mbele. Waniulize mimi! Niko hapa! Nitawaambia nani aliyezikanyaga, na alivaa viatu gani.

Ilinichukua miaka mitatu kupata ujasiri wa kwenda Nyahanga. Nilimkuta Mama Kulwa anakaanga maandazi barabarani. Nikamwamkia, shikamoo. Marahaba. Alinitambua pale pale, akanipa kigoda na chai. Ndivyo watu wanavyolelewa. Nikamwomba radhi nikiwa nimeinamisha kichwa. Nikamwambia nataka kuitazama ile picha tangu mwanzo, kimya, nilipe kiingilio changu, hata kama ni peke yangu.

"Haipo," akasema. "Kanda zote nne nilimrudishia Karim, akanipa kidogo nikaanzia unga wa maandazi. Amerekodia harusi juu yake."

Nilidhani sijasikia. Nikamuuliza, yote? Hata pale Tabitha anapolia? Akageuza maandazi yake. "Yote. Sasa wamo maharusi wanakata keki."

Nikaweka kikombe chini. Mwisho nikamuuliza lililokuwa linanisumbua usiku na mchana. Yale maneno ya Kisukuma, yale ambayo jenereta iliyameza na mimi nikayamalizia. Tabitha alimwambia nini mumewe?

Mama Kulwa akanitazama. Hakuwa na hasira, na afadhali angekuwa nazo.

"Ungenyamaza ungesikia," akasema.

Hakuniambia. Tabitha sikuthubutu kumfuata. Mpaka leo sijui yule mama alisema nini, na nilikuwa nimesimama hatua moja kutoka kwenye televisheni, Msukuma mtupu, masikio mazima, nikiongea.

Sasa nisikilize, maana haya nayasema mara moja. Picha ya mtu wa kwenu ikiwa mbovu, itazame mpaka mwisho ndipo useme ni mbovu, tena useme ubovu uko wapi. Una haki hiyo, umelipa. Na lipa kweli! Hiyo mnayorushiana kwenye simu, kuna mtu ameuza mashine yake ya kusaga. Usisubiri mgeni akufundishe kuheshimu sauti ya mama yako. Watu wakikuita uwachekeshe, tazama kwanza nani atatoka nje akiwa amejifunika uso. Na ukimwona, mwanangu, ukimwona na ukamjua, funga mdomo hapo hapo hata kama dunia nzima inakupigia makofi, kwa sababu dakika hiyo hairudi. Nimeitafuta. Hairudi.

Nimemaliza. Hasira hazijaisha ila nimemaliza. Sogea nikushike kichwa. Mungu akupe kitu chako cha kutengeneza kwa mikono yako, akupe na moyo wa kukimaliza. Na siku utakapokileta mbele za watu, mwanangu, akupe watu wanaojua kunyamaza.