Ng'ombe Aliyefaulu Mtihani wa Ndoa

Jirani yangu Aminiel, huku kwetu juu ya Usa River, hajawahi kumpandishia mkewe sauti. Usharika mzima unalijua hilo na kumsifu. Mimi ninayetenganishwa naye na mstari wa migomba tu najua zaidi. Tangu Susana alipong'oa mibuni ya karibu na jiko apande mboga bila kumwuliza, Aminiel hasemi na mkewe. Anasema na ng'ombe.

"Rozi," huwa anasema akimkatia mgomba, "kuna mtu humu katia chumvi kwenye makande ya loshoro kama anakausha ngozi."

Susana yuko hapo hapo, anakamua. "Rozi, mwambie huyo mtu jiko liko wazi, aingie apike."

Rozi anacheua.

Ningecheka kama wengine, ila binti yangu Nice amechumbiwa na mtoto wao, Prosper. Kila nikisikia jina la yule ng'ombe nawaza: mwanangu naye ataishi hivi, akiongeleshwa kupitia pembe?

Basi akaja dada mmoja msomi kutoka mjini, anapima wanandoa wanavyoongea wakigombana. Mnabanwa kidude kidoleni cha kusikiliza moyo, mnachagua jambo linalowagombanisha, mnazozana robo saa mbele ya kinasa sauti. Ndiyo, mnaombwa mgombane, tena baada ya chai. Sylvanus wa dukani na mkewe walianza na sabuni wakaishia kwa mama mkwe, mume akatoka ameshika shavu.

Zamu ya Aminiel nilijipeleka kusaidia vikombe.

"Huwa mnazungumzia wapi, mzee?" dada akauliza.

"Bandani," Aminiel akajibu, na hakudanganya. Tukahamia huko.

Jambo lao lilikuwa hilo hilo linaloninyima usingizi: watoto wakioana wakae wapi.

"Rozi, watoto watakaa hapa. Nyumba ipo."

"Rozi, muulize anayesema hivyo kama amemwuliza binti mwenyewe."

"Rozi hana la kuuliza. Ameshasikia."

Muda uliobaki wote wakanyamaza, ng'ombe akatafuna. Kidude hakikuona kitu, mioyo ilikuwa shwari kama ya waliolala.

Majibu yalisomwa kanisani. Hawakukatizana, hawakutukanana, hawakupaza sauti. Wa kwanza usharika mzima! Tukapiga makofi. Mchungaji akamwomba Aminiel atoe neno la kuwafundisha vijana. Akasimama, akatazama kulia, akatazama kushoto, akaketi. Ng'ombe hakuwepo.

Wiki ile ile Prosper akaja kwangu, akaniamkia vizuri, akakaa uani. Nice hakuzunguka.

"Prosper, cherehani yangu iko Sakina kule mjini na wateja wangu wako Sakina. Nataka tukapange huko. Unasemaje?"

Prosper akakohoa. Kuku wangu mwekundu alikuwa anadonoa karibu na kiatu chake.

"We kuku," akasema, kwa upole ule ule wa baba yake, "mwambie huyo dada kwetu kuna vyumba vingi."

Niliingia ndani nikatoka na kisu.

"Baba," nikamwambia Prosper, "nichinjie huyo."

"Huyu huyu, mama?"

"Huyo huyo."

Mkwe mtarajiwa hawezi kukataa. Alimshika mkalimani wake, akamchinja kwa mkono wake mwenyewe.

Chakula kilipoiva, Nice alimwekea paja kwenye sahani, akavuta kiti, akakaa mbele yake. "Haya. Unasemaje?"

Prosper akazungusha macho. Paka nilikuwa nimeshamfungia stoo. Akatazama paja, na paja halikumsaidia.

"Namwogopa baba!" akapasuka, karibu kulia. "Sakina naitaka hata mimi, Nice, ila nitamwambiaje?"

"Tutaenda kwake wote," Nice akasema. "Na utamwambia yeye, siyo Rozi."

"Yeye," Prosper akaitikia.

Alikuwa amepaza sauti, tena mbele ya mkwe. Yule dada msomi angemkata alama. Mimi nilimwongezea mchuzi.