Mwenye Lori Aje Mwenyewe

Ambwene wa Kyimo aliendesha lori moja miaka kumi na saba, na miaka yote hiyo halikuwa lake. Lilikuwa la chama cha ushirika, jina la chama limeandikwa mlangoni kwa rangi nyeupe. Alibeba kahawa ya Masoko mpaka akawajua wakulima na watoto wao. Kisha ikaja ruksa ya soko huria, wanunuzi binafsi wakaingia na mizani yao, chama kikafa, vitu vyake vikapigwa mnada. Ambwene akachukua kiinua mgongo chake chote akanunua lori lile lile. Hapo sitasema alikosea.

Alikosea jambo moja tu. Tulinagwe, mke wake, alimwambia, "Nenda kabadili kadi ya gari, baba Ikupa. Iandikwe jina lako." Ambwene akacheka. Jina la chama hakutaka litoke hata mlangoni. Kila Pasaka alilipaka rangi upya. Watu wakiliona, alisema, wanajua mzigo wao utafika. Ndiyo maringo ya dereva hayo, na mimi nayaelewa, ila kadi ya gari haielewi maringo ya mtu.

Mwaka wa tisini na sita alikamatwa njiani akipeleka mchanga wa mtoni kwa fundi mmoja. Kibali alikuwa nacho, kina muhuri wa kijiji. Akaambiwa cha kijiji hakitoshi siku hizi, kinatakiwa cha wilaya. Lori likapelekwa Tukuyu likaegeshwa nyuma ya ofisi, mchanga ukiwa juu yake. Wiki tatu Ambwene alikwenda na kurudi, mpaka wakubwa wakakubali kwamba hakujua. Wakamwonya, wakamwachia. Jioni ile Tulinagwe alipika ndizi kwa nyama.

Asubuhi Boniface, karani mpole mwenyeji wa Igogwe, akafungua faili, akamwamkia Kinyakyusa kama mtoto kwa baba yake.

"Mugonile, tata. Gari lako linatoka leo. Kadi iko wapi?"

Ambwene akamkabidhi. Boniface akaisoma mara mbili.

"Mwenye gari hapa ni chama."

"Chama kilikufa, mwanangu. Nililinunua mimi mnadani."

Stakabadhi alikuwa nayo, ila ilisema "lori moja chakavu" basi. Namba ya gari haikuandikwa.

"Malori chakavu ni mengi, tata. Nimeagizwa nimkabidhi mwenyewe. Mwenye lori aje mwenyewe, au alete barua yenye muhuri."

"Aje nani, Boniface? Marehemu?"

Boniface akatazama meza. Hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lililomchosha Ambwene. Mtu mbaya angalau unamgombeza, roho inatulia.

Akaenda Masoko kwa mzee Andrea, aliyekuwa katibu wa chama, akamkuta anapalilia kahawa yake. Muhuri, Andrea akasema, ulichukuliwa na mfilisi, yule aliyetumwa kukifunga chama, na mfilisi alisharudi Dar es Salaam. Mzee akaandika barua kwa mkono wake, akaapa kwamba lori ni la Ambwene. Boniface akaipokea kwa heshima akaiweka kwenye faili. Haikuwa na muhuri. Barua tatu zilizokwenda Dar hazikujibiwa.

Mvua za Tukuyu unazijua. Mchanga ulilowa ukawa mzito, springi zikalala. Ambwene akaomba walau aupakue. Akakataliwa, hawezi kupakua mzigo kwenye gari ambalo si lake. Akawa anasimama nje ya uzio anaangalia tu, mvua inamnyeshea.

Lori lilipotimiza miezi saba pale, Boniface akafika Kyimo mwenyewe. Tulinagwe akakimbilia kigoda, uso unamng'aa.

"Tata, lori linapelekwa kiwanja cha mnada, maana halikupata mwenyewe. Madereva watatu wamejaribu, haliwaki. Wanasema wewe unalijua."

"Usiende!" Tulinagwe akasema. "Walisukume wenyewe!"

Ambwene alikuwa ameshavaa viatu. Hakuweza kuvumilia kufikiria wageni wanaliunguza stata.

Kule Tukuyu akatoa upepo ulioingia kwenye mpira wa dizeli, taratibu, akapanda, na lori likawaka mara moja. Boniface akapiga makofi, kisha akaona aibu akaacha. Ambwene akaliendesha kwa gia ya kwanza, akiyakwepa mashimo yote kwa ajili ya zile springi, mpaka kiwanjani.

Mlinzi akamletea karatasi dirishani. Miezi saba alikuwa amehangaika na karatasi, wala hakuna hata moja iliyokuwa na nafasi ya jina lake. Hii ilikuwa nayo, chini kabisa: Dereva.

"Saini hapa, mzee, kwamba umelifikisha."

Ambwene akaandika jina lake lote, akatoa ufunguo, kisha akalia mchana kweupe mbele ya watu.