Mume wa Shangazi Alikuwa Mbunge

Mume wa shangazi yangu alikuwa mbunge kwao, Afrika Magharibi, kwa vipindi viwili. Wanajeshi walipopindua serikali, bunge likavunjwa, wenzake wakakamatwa, naye akavuka mpaka akiwa amejificha kwenye lori la vitunguu. Shangazi, ambaye alikutana naye walipokuwa wakisoma ng'ambo, akamleta Moshi. Wakapanga vyumba viwili mtaa wa Majengo, jirani na banda langu la kushonea.

Nilimjua kupitia suti zake. Aliniletea tatu nizipunguze kiuno, maana alikuwa amekonda. Baada ya miezi michache akazirudisha nizipunguze tena.

"Shikamoo," nilikuwa namwambia.

Anafikiri kidogo. "Marahaba, mwanangu."

Kiswahili alijifunza kwa redio yangu. Bunge letu likiwa linakaa, alivuta kigoda karibu na cherehani akasikiliza mpaka mwisho, huku akinung'unika, "Waziri huyo hajajibu swali." Majirani walianza kumwita Mheshimiwa kwa utani. Baadaye utani ukaisha, jina likabaki.

Siku moja mvua ilitufungia bandani, akaniambia jambo ambalo sikuwa nimemuuliza. Ulipoletwa muswada wa kuwaongezea wanajeshi madaraka, yeye aliuunga mkono.

"Niliogopa kupoteza kiti," alisema. "Niliinua mkono huu hapa."

Nikaendelea kushona.

Jumapili moja tulipanda naye mlimani, Kilema, nyumbani kwa baba yangu, tukakuta mkutano wa kijiji kuhusu mfereji wa maji uliobomoka. Watu walibishana juu ya zamu za kumwagilia mpaka wakachoka. Mheshimiwa akasimama, akafunga kifungo cha koti, akaanza, "Ndugu mwenyekiti..." Baba akamvuta mkono.

"Shemeji, kaa chini. Hapa si kwenu."

Watu walicheka. Akakaa, na kifungo hakukifungua.

Figo zilimuua wakati wa masika. Shangazi alipanda kwa baba kuomba azikwe kihambani, kwenye shamba la migomba la nyumbani, karibu na wazazi wao. Nilikuwepo, nikiwamiminia chai.

"Kihamba ni cha ukoo," baba alisema. "Mkwe hazikwi humu. Tena ni Mwislamu."

"Hana kwao pengine, kaka. Nimpeleke wapi?"

Baba alitazama migomba. Shangazi akanigeukia mimi. Alijua nilimpenda yule mzee, na alijua baba hunisikiliza. Nilikuwa na la kusema, lilikuwa tayari mdomoni. Nikamwongezea shangazi chai kwenye kikombe ambacho hakuwa amekigusa.

Wazee wa msikiti wa Majengo ndio waliomchukua. Walimwosha, wakamsalia, wakamzika siku hiyo hiyo baada ya alasiri. Sisi wanawake tulibaki nyumbani. Fundi seremala wa jirani ndiye aliyerudi kutuambia, viatu vimejaa tope.

"Tumempumzisha vizuri, mama. Watu walikuwa wengi. Wengine hata siwajui."

Shangazi aliuliza kama kaburi liliingia maji. Fundi akasita, kisha akajibu, "Kidogo."

Baba alifika siku ya tatu na mkungu wa ndizi. Akauweka mlangoni, akasimama na kofia mkononi. Shangazi alikuwa ameketi mkekani, mgongo ameuegemeza ukutani. Hakunyanyuka. Baba akakaa kidogo kwenye benchi la nje, peke yake, kisha akaondoka.

Tangu hapo shangazi hajapanda Kilema. Krismasi wote tunarudi nyumbani, yeye anabaki Majengo, na suti tatu bado zinaning'inia nyuma ya mlango wa chumba chake. Mimi hupanda. Baba amezeeka sasa, na kila nikifika huniuliza, "Shangazi yako hajambo?"

"Hajambo," namjibu, naye huitikia kwa kichwa, nami humwongezea chai.